Kila Mtu na Meza Yake

Tangu kitabu kile kiingie nyumbani, chakula kilikuwa kinapoa mezani. Msimamizi hakuweza kula mpaka amalize ukurasa, na akishamaliza ukurasa lazima ausimulie. Mkewe alikuwa ameanza kumpakulia wa mwisho, maana kumpakulia mapema ilikuwa ni kuwapakulia inzi.

"Sikilizeni hapa," alisema jioni hiyo, kidole kikiwa juu ya mstari. "'Kazi isiyoonekana haiwezi kuboreshwa.' Mnaona? Mtu ameandika akiwa huko kwao, hatujui sisi wala sisi hatumjui, lakini ni kama alisimama mlangoni kwetu akatuchungulia."

"Kula," mkewe alisema.

"Si nakula."

"Unasoma."

Mama yake msimamizi alicheka kutoka upande wa pili wa meza. Alikuwa amekishika kijiko kwa ngumi, kama mtoto anayejifunza kula mwenyewe, na mjukuu wake wa kike alikuwa anamkatia mkate vipande vidogo bila kuambiwa. Msimamizi hakuyatia maanani. Macho yake yalikuwa kitabuni.

"Mwache asome," mama alisema. "Angesoma hivi shuleni, saa hizi tungekuwa tunapanga foleni kuonana naye."

Mama, mwana na mke, wote watatu walikuwa wanafanya kazi mahali pamoja, kwenye kiwanda cha kufulia mashuka na taulo za hoteli na hospitali. Mama ndiye aliyetangulia. Aliingia akiwa msichana, akafua kwa mikono kabla mashine hazijaja, akazeekea humo humo mpaka wenzake wakawa wanamwita Bi Mkubwa. Mwanawe alipoacha shule kwa kukosa ada, yeye ndiye aliyembembeleza tajiri ampe toroli asukume. Mwana akasukuma toroli, akapanda kidogo kidogo, hadi akawa msimamizi wa chumba cha kukunjia. Hata mke alimpatia humo, na aliyemwona kwanza alikuwa Bi Mkubwa. Kodi ya nyumba, ada za watoto, mafuta ya kupikia, vyote vilitoka kwenye mlango ule mmoja.

Sasa tajiri alikuwa ameuza kiwanda. Wenye mali wapya walimleta meneja mpya, kijana mpole aliyesema "tafadhali" hata kwa mfagiaji, na meneja huyo akampa kila msimamizi kitabu chenye jalada jekundu kuhusu namna kampuni zinavyobadilika. Kila Ijumaa baada ya kazi, msimamizi akae na watu wake, awasomee, wazungumze. Msimamizi wa mashine alikigeuza kitabu chake kuwa kiti cha kikombe cha chai. Wa magari alienda nacho nyumbani, hakikuonekana tena. Wa chumba cha kukunjia alikisoma.

Tusimcheke. Tangu atoke shuleni hakuna mtu aliyewahi kumpa kitabu akamwambia soma, kisha utuambie wewe unaonaje. Alikivalisha gazeti kisichafuke. Alinunua kalamu mpya ya kupigia mistari. Aliyaamini yote aliyoyasoma, na aliyaamini kwa moyo safi kabisa, ndiyo maana mambo yakaharibika kwa kiasi kile.

---

Chumba cha kukunjia kilikuwa na meza moja ndefu ya mbao, iliyolainika kwa kusuguliwa na nguo miaka na miaka. Wanawake walisimama pande zote mbili, wakakunja, wakatupia katikati. Lundo lilikuwa moja. Likijaa linapakiwa, na hakuna aliyeuliza taulo hili kakunja nani. Mwenye mimba alikunja anachoweza. Aliyefiwa alisimama tu, na wenzake wakamkunjia mpaka moyo wake urudi. Haikuandikwa popote, wala hakuna aliyekumbuka nani aliianzisha.

Kwa zaidi ya mwaka mzima sasa, meza ile ilikuwa inamficha Bi Mkubwa. Baridi yabisi ilikuwa imevila vidole vyake, vimekakamaa, havibani hata ncha ya nguo. Alisimama mahali pake na aproni yake safi, akapiga soga, akapapasa taulo moja asubuhi nzima. Mkwe wake akiwa upande huu na Kipaza upande ule, walivuta sehemu yake taratibu wakaimaliza. Kipaza aliitwa hivyo kwa sababu alikuwa na sauti ya kumwita mtu aliye ng'ambo ya barabara, lakini kwa jambo hili mdomo wake ulikuwa umeshonwa. Msimamizi akipita alimwona mama yake ana nguo mkononi, akaendelea na safari yake.

"Mama, mimi namwambia leo," mke wa msimamizi alisema walipokuwa wawili jikoni. "Hiki kitabu kinakuja kwetu. Nakiona kabisa kinakuja."

"Usimwambie."

"Ni mwanao. Ataelewa."

"Ndiyo maana usimwambie." Bi Mkubwa alikuwa amekaa kwenye kigoda, mikono ndani ya beseni la maji ya uvuguvugu. Huko ndiko mikono ilikopata nafuu. "Saa hizi akiulizwa, mama yako anakunja? Anajibu ndiyo, na hasemi uongo. Siku akijua itabidi achague. Adanganye kazini, au anitoe. Sitaki mwanangu achague."

"Na wewe utasimama pale mpaka lini?"

"Mpaka huyu mjukuu mdogo amalize shule. Ada yake ni yangu, niliahidi mwenyewe. Baada ya hapo hata wakinitoa kwa toroli, sawa." Alicheka, kisha akaacha kucheka. "Nipe neno lako, mwanangu."

Mkwe akampa neno. Alimpenda mama yule kuliko alivyompenda mtu yeyote wa ukoo wake mwenyewe.

---

Ijumaa walikaa juu ya mabunda ya mashuka. Msimamizi alisimama mbele, shati limepigwa pasi mpaka kwenye kola, kitabu mkononi. Meneja alikuja akasimama nyuma, akasema wasijali, yeye ni msikilizaji tu.

"Sura ya leo inasema kazi ionekane," msimamizi alianza. "Sisi tuna lundo moja. Kwenye lundo moja anayejituma hapati shukrani, na mwenye shida hatumwoni. Kila mtu akiwa na meza yake, tutajuana."

"Mbona tunajuana," Kipaza alisema. "Mimi hata mume wa huyu hapa najua anavyokoroma."

Watu walicheka. Meneja naye alicheka.

"Mnajuana kwa maneno. Kitabu kinazungumzia kazi."

"Na mtu akiamka siku hiyo mwili hautaki?"

"Ndipo tutamwona, tumsaidie! Hakuna mahali kitabu kimesema mtu aadhibiwe. Lengo ni kusaidiana."

"Kusaidiana si ndiyo haya tunayofanya?"

Msimamizi alifungua ukurasa kutafuta jibu. Kipaza hakungoja. Aligeuka akamtazama Bi Mkubwa, akamfungulia mlango wa kukataa: "Wewe mkubwa wetu unaonaje? Hii ya kila mtu na meza yake unaitaka?"

Lau Bi Mkubwa angesema hataki, wote wangekataa pamoja naye, na jambo lingeishia palepale kwa vicheko. Lakini alimtazama mwanawe pale mbele, amekishika kitabu kwa mikono miwili. Alimtazama meneja, mtu aliyesoma, akimsikiliza mwanawe kwa makini, akitikisa kichwa kukubali kila anaposema. Hajawahi kumwona mwanawe akisikilizwa namna ile, na ilimjaa raha mpaka akasahau alichokuwa ameulizwa.

"Mimi sina neno," alisema. "Msimamizi akishasema."

---

Asubuhi ya siku yenyewe walitembea kwenda kazini kama kawaida, Bi Mkubwa akiwa ametangulia kidogo.

"Baba watoto," mkewe alisema, "hii ya meza iahirishe."

"Meneja anakuja kutazama. Nitaahirishaje?"

"Mwambie chochote. Nakuomba."

"Unajua kitabu kinasemaje? Wa kwanza kukupinga ni wale walio karibu nawe. Nilidhani ni maneno ya kitabu tu."

"Sikupingi mimi. Nakuomba."

"Basi nipe sababu."

Mkewe alimtazama mama mkwe wake pale mbele, anavyotembea mikono ameificha kwapani kwa sababu ya baridi ya asubuhi. Alifungua mdomo, akakumbuka neno alilolitoa. "Basi," alisema. Msimamizi akadhani ameshinda, akamshika bega kumbembeleza.

Meza mpya zilikuwa zimepangwa kwa safu, ndogo ndogo kama za shule. Ile ndefu ilikuwa imetolewa nje, imeegemezwa ukutani. Juu ya kila meza msimamizi alikuwa amebandika karatasi ya jina. Jina la mama yake alikuwa ameliandika kwa herufi kubwa zaidi, akaiweka meza yake mbele kabisa, katikati, mahali ambapo meneja angesimama. Aliona hiyo ni heshima anayostahili mfanyakazi wa siku nyingi kuliko wote.

Toroli za taulo zikagawanywa sawasawa. Wakaanza. Kipaza alikohoa, na chumba kizima kikajua maana ya kikohozi kile. Mikono ikapunguza mwendo. Wanawake waliozoea kukunja bila hata kutazama walikuwa wanalinyoosha kila taulo kama wanalitayarisha kwa harusi.

"Leo wanakwenda polepole," meneja alisema.

Msimamizi aliona aibu. Akapiga makofi. "Akina mama, jamani! Kama kawaida yenu! Mnaniangusha!"

Hata kwa mwendo ule wa kujivuta malundo yalipanda. Mbele, katikati, meza moja ilibaki karibu tupu. Bi Mkubwa alilaza taulo, akaligandamiza kwa kiwiko, akajaribu kuvuta upande mmoja kwa kiganja, likafumuka. Akalirudia. Mwishoni alishika ncha moja kwa meno. Taulo likamponyoka likaanguka sakafuni, na yeye akainama kuliokota, na haikuwezekana kuliokota.

Mkwe wake akaacha meza yake. Alipita katikati ya safu, akaliokota taulo, akalikunja. Akachukua la pili. Hakumtazama mtu.

"Yule mbona ametoka kwenye meza yake?" meneja aliuliza.

Hapo ndipo msimamizi alipoitazama mikono ya mama yake. Miaka yote alikuwa ameiona, leo aliitazama. Aliona viungo vilivyovimba, vidole vilivyopinda upande mmoja. Akakumbuka kijiko, akakumbuka mkate, akakumbuka beseni la maji, akaelewa yote kwa mara moja. Alikuwa na nafasi ya kusema neno lolote. Meneja alikuwa anamngoja.

"Rudi kwenye meza yako," alimwambia mkewe.

Mkewe aliinua uso. "Unaniambia mimi?"

"Rudi kwenye meza yako. Tafadhali."

Bi Mkubwa ndiye aliyemwokoa. Alilichukua lile taulo kwa mikono yote miwili kutoka kwa mkwe wake, akaliweka chini.

"Nenda, mwanangu," alisema. "Bosi amesema."

Tangu amzae hajawahi kumwita mwanawe bosi. Kazini na nyumbani alimwita baba.

---

"Umeona kitabu kinavyofanya kazi?" meneja alimwambia ofisini. Hakusema kwa kejeli. Alikuwa amefurahi kweli. "Bila zoezi lako tusingejua kamwe. Yule mama inabidi tumpumzishe, kwa heshima zote. Atalipwa mpaka mwisho wa mwezi na kiinua mgongo chake. Na kwa kuwa wewe ndiye kiongozi wake wa karibu, ni vizuri habari itoke kwako."

"Ni mama yangu."

Uso wa meneja ulibadilika, na huruma iliyokuja ilikuwa ya kweli. "Sikujua. Pole sana. Pole mno." Alisogeza kalamu kutoka upande huu wa meza hadi ule. "Basi itakuwa bora zaidi ikitoka kwako."

"Hawezi kuwekwa sehemu nyingine? Hata mlangoni, kupokea mizigo?"

"Kupokea mizigo kwa mikono ile? Wewe mwenyewe umenionyesha, ndugu yangu."

Msimamizi alisema ahsante. Alipofika nje ndipo alipojiuliza alikuwa anashukuru nini.

Nyumbani alikuta hakuna cha kutangaza. Bi Mkubwa alikuwa ameshaifua aproni na kuianika. Mkewe alikuwa anamenya viazi na hakugeuka.

"Kwa nini hukuniambia?" alimuuliza.

"Nilikuomba."

"Hukutoa sababu!"

"Sababu unakula nayo meza moja kila siku." Alitupa kiazi ndani ya sufuria, maji yakaruka. "Mimi nilimpa mama neno langu. Wewe ulimpa nani neno lako? Mama ulimwona pale mbele, ukajua, nilikuona umejua. Halafu ukaniambia nirudi kwenye meza yangu."

Msimamizi alitamani apigwe.

"Asilaumiwe yeye, mimi ndiye niliyemfunga mdomo," Bi Mkubwa alisema akiwa mlangoni. "Wamesema mpaka lini?"

"Mwisho wa mwezi, mama."

"Afadhali. Nilidhani leo leo." Alifikiri kidogo. "Ada ya huyu mdogo ya muhula huu itatosha. Ya unaofuata mtaiangalia nyinyi."

Mwisho wa mwezi ulipofika alikwenda kuaga. Wenzake walitaka kumchangia kitu, lakini kila mmoja alikuwa kwenye meza yake na idadi yake ya kukunja, na muda wa kukaa pamoja kulizungumza haukupatikana. Kipaza alimfuata hadi getini akalia kwa ile sauti yake, mpaka mlinzi akamwambia arudi ndani, meza yake ilikuwa inaonekana haina mtu.

---

Jumapili iliyofuata, mchana, mke alikuwa ameenda na watoto kwa dada yake. Siku hizi alikuwa anakwenda mara nyingi. Msimamizi alikuwa ameketi peke yake sebuleni, hafanyi kitu, mama yake alipotoka chumbani.

"Kile kitabu kiko wapi?"

"Kipo. Nataka kukichoma moto."

"Usichome kitu cha watu. Kilete unisomee."

"Kina faida gani tena, mama?"

"Kimenitoa kazini. Nataka kujua kinasema nini."

Alikileta. Alikaa kwenye kochi, mama akakaa kwenye kiti cha mbao kilichomkabili, mikono juu ya mapaja. Alianza kusoma. Mama alikuwa msikilizaji mzuri. Mahali fulani alisema, "Hapo kasema kweli." Mahali pengine alicheka na kuuliza kama mwandishi amewahi kufua hata soksi zake. Msimamizi alisoma kurasa nyingi, sauti ikatulia, akaanza hata kufikiri kwamba huenda wataweza kuishi na jambo hili. Kisha akafungua ukurasa mmoja, akaona kabla hajafika chini, mistari ya kalamu, na pembeni maneno mawili kwa mwandiko wake mwenyewe. Akaendelea na aya ya mbele.

"Umeruka," mama alisema.

"Sijaruka."

"Umeruka. Mimi ndiye niliyekufundisha kusoma, kwa maboksi ya sabuni, kabla hujaanza shule. Ukifika pagumu ulikuwa unakimbiza sauti ili nisijue. Rudi."

"Mama, tuache."

"Rudi, baba."

Akarudi. "'Wako watumishi ambao mikono yao haiendani tena na mwendo wa kampuni. Kuwabakiza si huruma, ni kuwachelewesha wengine. Kiongozi shupavu huwaaga mapema.'"

Nje mtoto wa jirani alikuwa anapiga mpira ukutani. Kisha mama akainama mbele, akatazama ukurasa.

"Hiyo kalamu ni ya nani?"

Angeweza kusema ni ya mtu wa ofisini. "Ni yangu."

"Na pembeni umeandika nini?"

"Kweli kabisa."

"Uliandika kabla ya siku ile, au baada?"

"Kabla, mama. Zamani. Wallahi sikujua kama ni wewe."

"Ulidhani ni nani?"

Alitafuta. Alitafuta kwa uaminifu kabisa, akitamani apate hata jina moja, mtu mvivu, mtu mbaya, mtu yeyote ambaye angekuwa amemfikiria alipokuwa anapiga mistari ile kwa kalamu mpya.

"Sikumdhania mtu," alisema, na machozi yakaanza kumtoka. "Sikumfikiria mtu yeyote."

Mama alitikisa kichwa, akaegemea kiti.

"Haya," alisema. "Endelea kusoma."

Na kwa kuwa alikuwa amekaa pale akingoja, mwanawe akajifuta uso kwa mkono wa shati, akatafuta alipoishia, akaendelea.